Waandishi wa Ukraine na Wahutsul wa Milima ya Karpati: Nani Alimsimulia Nani?

Msomaji anayeingia katika fasihi ya Ukraine kwa mara ya kwanza hukutana mapema na Wahutsul, watu wa milimani wa Karpati ya Mashariki, na mara nyingi huwakuta katika sura ileile: wachungaji wenye vishoka mkononi, baragumu ndefu za mbao, misitu iliyojaa viumbe wasioonekana, na mapenzi yanayoishia mautini. Sura hiyo ina uzuri wake, wala si ya uongo. Hata hivyo, sehemu yake kubwa ilichorwa katika muda mfupi, takriban kati ya mwaka 1899 na 1914, na waliochora wengi wao hawakuzaliwa milimani. Wahutsul wenyewe walikuwa wameanza kuandika kabla ya hapo, wakaendelea kuandika baada ya hapo, na mambo yaliyowashughulisha hayakuwa hasa mizimu ya msituni bali jeshi, kodi, mahakama, mpaka na ardhi iliyokuwa ikiwaponyoka. Asiyezitenganisha sauti hizi mbili atausoma utamaduni wa Wahutsul kama hirizi ya kale iliyohifadhiwa kileleni, ilhali ni utamaduni wa watu walioishi katikati ya historia ya Ulaya, tena mahali palipoumizwa sana na historia hiyo.

Kwanza tuione ardhi yenyewe. Mito ya Prut na Cheremosh upande wa kaskazini, na Tisza upande wa kusini, huanzia katika milima hii, na hapo ndipo kinaposimama kilele cha Hoverla chenye mita 2,061, kirefu kuliko vyote nchini Ukraine. Hadi mwaka 1918 eneo hili lilikuwa ndani ya dola ya Austria na Hungaria, lakini likiwa limegawanywa sehemu tatu: Galicia na Bukovina zilikuwa majimbo ya Austria, na mabonde ya kusini yalikuwa ya Hungaria. Baada ya Vita Kuu ya Kwanza sehemu hizo tatu zilichukuliwa na Poland, Romania na Chekoslovakia, na baada ya Vita Kuu ya Pili karibu zote ziliingia Umoja wa Kisovyeti, isipokuwa vijiji vilivyobaki Romania, ambako Wahutsul wapo hadi leo. Mto Cheremosh, unaotajwa katika nyimbo kana kwamba ni ndugu wa familia, ulikuwa pia mpaka: ukivuka maji umetoka jimbo moja kwenda jingine, na kati ya vita vikuu viwili ulikuwa umetoka Poland na kuingia Romania.

Maisha yalitegemea mifugo na mbao. Majira ya machipuko, karibu na sikukuu ya Mtakatifu Yurii, kondoo na ng'ombe walipandishwa kwenye malisho ya juu yanayoitwa polonyna, wakakaa huko chini ya uongozi wa mkuu wa wachungaji, vatah, hadi vuli. Yeye ndiye aliyewasha moto wa kwanza kwa kusugua vijiti, na moto huo haukuruhusiwa kuzimika majira yote ya kiangazi. Maziwa ya mifugo ya wenye mali mbalimbali yalichanganywa, na kila mmoja alipata jibini kulingana na kipimo cha maziwa ya wanyama wake, jambo lililohitaji hesabu kali na uaminifu. Chakula cha kila siku kilikuwa ugali wa mahindi, kulesha, pamoja na jibini ya kondoo. Baragumu la trembita, lenye urefu wa mita tatu hivi na lisilo na tundu lolote la vidole, lilipigwa kuwaita wachungaji, kushangilia Krismasi na kutangaza msiba. Upande wa mbao, magogo yalifungwa kuwa vyelezo na kuteremshwa mtoni kwa nguvu ya maji yaliyozuiwa mabwawani na kufunguliwa kwa mpigo, na vijana wengi walikufa katika kazi hiyo.

Kuna sababu ya kisiasa iliyowafanya waandishi wamiminike huko mwanzoni mwa karne ya 20, na bila kuijua hadithi yote inaonekana kama mapenzi tu ya mandhari. Waukraine wengi waliishi chini ya mfalme wa Urusi, na amri iliyotolewa katika mji wa Ems mwaka 1876 ilikuwa imepiga marufuku karibu uchapishaji wote kwa Kiukraine katika dola hiyo. Upande wa Austria vitabu na magazeti ya Kiukraine yalichapishwa, na mjini Lviv kulikuwa na Jumuiya ya Kisayansi ya Shevchenko iliyokusanya kwa bidii nyimbo, ngano na desturi za wanavijiji. Kwa mwandishi aliyekuja kutoka Kyiv, Chernihiv au Kharkiv, milima ya Wahutsul ilikuwa mahali ambapo lugha iliyonyamazishwa kwao ilisemwa kwa sauti kubwa, ikaimbwa kanisani na kupigiwa kinanda arusini. Aliyaona huko yale aliyoogopa kwamba taifa lake lingeyapoteza. Hamu hiyo ni ya kweli na inagusa moyo, lakini ndiyo pia iliyowafanya wageni watafute zaidi yaliyo ya kale kuliko yaliyo ya siku ile.

Kitovu chao kilikuwa kijiji cha Kryvorivnia, kando ya Cheremosh Mweusi. Kasisi wa kijiji hicho, Oleksa Volianskyi, alikuwa mwenyeji mkarimu, na nyumba yake ikawa mahali pa kukutania. Ivan Franko, mshairi na mwanazuoni mkubwa kuliko wote wa Galicia, alikwenda huko kupumzika karibu kila kiangazi tangu mwaka 1901 hadi 1914. Mtafiti wa fasihi simulizi Volodymyr Hnatiuk alikwenda kwa ajili ya mapafu yake yaliyokuwa yakiugua, naye ndiye aliyewaalika wengine. Mwanahistoria Mykhailo Hrushevskyi alikuwa na nyumba yake hapo, iliyoteketezwa na jeshi la Urusi wakati wa vita. Lesia Ukrainka, aliyekuwa na kifua kikuu, alifika katika milima hiyo mwaka 1901 na kukaa Burkut, penye chemchemi za maji ya madini. Kwa miaka michache kijiji hiki cha nyumba zilizotawanyika mlimani kilikuwa na wasomi wengi wa Kiukraine kwa wakati mmoja kuliko miji mingi.

Hapa ndipo tunapopaswa kukaa kidogo na Mykhailo Kotsiubynskyi, kwa sababu kitabu chake kifupi cha Vivuli vya Wahenga Waliosahauliwa, alichokiandika mwaka 1911 na kuchapishwa mwaka 1912, ndicho kilichowafanya Wahutsul wajulikane mbali kuliko kitabu kingine chochote. Alizaliwa Vinnytsia, akaishi Chernihiv, akafanya kazi ya takwimu katika ofisi ya serikali za mitaa. Alipita Kryvorivnia mwaka 1910 akarudi viangazi viwili vilivyofuata, akapanda farasi hadi polonyna, akajaza madaftari maneno, nyimbo na maelezo ya jinsi jibini inavyotengenezwa. Kisa chake ni cha Ivan Paliichuk, mtoto wa 19 wa familia iliyo katika uhasama wa damu na akina Huteniuk, anayempenda Marichka, binti wa maadui hao. Ivan akiwa malishoni, Marichka anachukuliwa na maji ya Cheremosh. Ivan anatangatanga miaka sita, anarudi, anamwoa Palahna mwenye mali, Palahna anavutwa na mganga mwenye nguvu za kiza, na mwishowe kiumbe wa msituni mwenye sura ya Marichka anamwita Ivan hadi anaporomoka jabalini. Matanga yake yanaanza kwa vilio na kuishia kwa michezo na vicheko kando ya maiti, kama desturi ya mahali hapo ilivyokuwa.

Wasomaji wengi huyachukua yote yaliyomo humo kuwa ushuhuda wa mtu aliyeona. Kotsiubynskyi aliona mengi, lakini hakuyategemea macho yake peke yake. Alikuwa amesoma kwa makini kitabu kikubwa cha Volodymyr Shukhevych juu ya nchi ya Wahutsul, kilichotoka Lviv kwa sehemu tano kati ya mwaka 1899 na 1908, pamoja na maelezo juu ya viumbe wa ajabu yaliyokusanywa na mwalimu wa kijijini Antin Onyshchuk. Kutoka humo alipata habari za Aridnyk, roho mwovu ambaye katika ngano hizo alikuwapo tangu mwanzo pamoja na Mungu na ndiye aliyevumbua vitu vingi, Mungu akavichukua kwa ajili ya wanadamu. Za niavka, mwanamke asiye na mgongo ambaye matumbo yake huonekana kwa nyuma. Na za chuhaister, jitu la msituni linalowawinda hao niavka na kupenda kucheza ngoma na wapita njia. Alichokifanya Kotsiubynskyi, na hapo ndipo ulipo ukuu wake, ni kuzitoa imani hizo katika orodha ya mtafiti na kuzirudisha ndani ya kichwa cha mtu mmoja anayependa na kuogopa. Ivan haambiwi kwamba chuhaister yupo. Anacheza naye ili kumchelewesha asimfikie yule mwenye sura ya Marichka, na msomaji anacheza pamoja nao bila kuuliza swali.

Tatizo lilianza baadaye, pale watu walipoanza kuthibitisha imani za Wahutsul kwa kunukuu kitabu hicho, wakati kitabu chenyewe kilitegemea watafiti, na watafiti walitegemea wazee wachache, walimu na makasisi wa vijiji fulani. Kotsiubynskyi aliwahi kumwandikia mwandishi wa Urusi Maksim Gorky kwamba Mhutsul ni mpagani wa ndani kabisa anayepigana na pepo wabaya maisha yake yote. Tamko hilo limerudiwa mno, nami naona limeleta upotofu. Wahutsul walikuwa na ni Wakristo, na wakati huo walikuwa Wakatoliki wa ibada ya Kigiriki upande wa Galicia na Waorthodoksi upande wa Bukovina. Wanaume wa Kryvorivnia wanaoimba koliada za Krismasi nyumba kwa nyumba huanzia kanisani, na katika mzunguko huo wanabeba vishoka, wanacheza na kupiga pembe. Mtu anayegawa jambo hilo kuwa nusu upagani na nusu Ukristo amegawa kitu ambacho wenyewe hawajakigawa.

Franko, aliyeijua milima hiyo kwa muda mrefu kuliko mgeni yeyote kati ya hao, aliandika kwa namna nyingine. Katika hadithi yake ya Mwiba Mguuni, mzee aliyefanya kazi ya vyelezo anashindwa kufa kwa amani kwa sababu ya kijana aliyezama Cheremosh mbele ya macho yake miaka mingi nyuma. Kuna giza na kuna siri ndani yake, lakini mzigo mzito ni dhamiri ya mfanyakazi wa mtoni, na msomaji anaijua kazi ya mbao na hatari yake. Olha Kobylianska wa Bukovina, aliyeanza kuandika kwa Kijerumani kabla ya Kiukraine, aliandika juu ya msitu wa kale unaokatwa na kampuni ya wageni kana kwamba anaeleza vita, na katika hadithi nyingine akamchora Paraska, mwanamke wa Kihutsul anayeishi peke yake, anafanya kazi za kiume na haombi ruhusa ya mtu. Kwa Kobylianska, aliyepigania haki za wanawake wasomi wa mjini, uhuru wa mwanamke huyo asiye na elimu ulikuwa somo zito.

Hnat Khotkevych alikwenda mbali zaidi ya kuandika. Huyu alikuwa mhandisi wa reli na mpigaji wa bandura, ala ya nyuzi ya Kiukraine, kutoka Kharkiv, aliyekimbilia Galicia mwaka 1906 kwa sababu alishiriki migomo ya mwaka uliotangulia. Mwaka 1910, katika kijiji cha Krasnoillia, alianzisha kundi la maigizo la Wahutsul wenyewe. Waigizaji wake walikuwa wakulima, wengi wao hawajui kusoma, kwa hiyo walijifunza tamthilia kwa kusikia, na walisema jukwaani kwa lahaja yao. Kundi hilo lilizunguka miji ya Galicia hadi Kraków, na watu wa mjini, waliozoea kumwona Mhutsul katika picha na maonyesho, wakalazimika kumsikiliza akisema kwa kinywa chake. Khotkevych aliandika pia riwaya ya Roho ya Jiwe, iliyotoka mwaka 1911, ambamo mke wa kasisi anatoroka na kiongozi wa wanyang'anyi wa milimani. Aliuawa kwa risasi na utawala wa Stalin mwaka 1938.

Wanyang'anyi hao, opryshky, wanastahili neno moja, kwa kuwa wanapita katika fasihi hii yote. Aliyejulikana kuliko wote, Oleksa Dovbush, aliuawa mwaka 1745 katika kijiji cha Kosmach na Stefan Dzvinchuk, na wimbo wa watu unasema alisalitiwa na mwanamke aliyempenda, mke wa muuaji huyo. Kwa mabwana wenye ardhi alikuwa jambazi. Kwa wimbo alikuwa mlipiza kisasi wa maskini. Yurii Fedkovych alimwandikia tamthilia, Khotkevych akamwandikia pia, na baada yao wengine wengi.

Fedkovych ndiye anayepaswa kutajwa wa kwanza tunapogeukia sauti za wenyeji. Alizaliwa mwaka 1834 Putyla, upande wa Bukovina, akawa askari wa Austria, akapelekwa vitani Italia mwaka 1859, akaanza ushairi kwa Kijerumani kisha akahamia Kiukraine. Kijana wa milimani katika mashairi yake si mchawi wala mchungaji wa milele. Ni mtu aliyechukuliwa jeshini kwa miaka mingi, anayelinda lango la kambi katika mji asioujua, na mmoja wao anatoroka kwa sababu ya barua ya mama yake. Muziki wa mashairi hayo unatokana na kolomyika, wimbo mfupi wa mishororo miwili, kila mshororo ukiwa na mizani 14 iliyokatwa katika 8 na 6, ambao Mhutsul anaweza kuutunga papo hapo kwa kumsifu, kumkejeli au kumlilia mtu. Marko Cheremshyna, aliyezaliwa Kobaky mwaka 1874 na kufanya kazi ya uwakili, alitoa mkusanyiko wa hadithi wa Mikato ya Kuhesabia mwaka 1901. Aliandika kwa lahaja ya kwao, akitumia mahadhi ya maombolezo, juu ya madeni, kodi na njaa, na baadaye juu ya vijiji vilivyoshikwa kati ya jeshi la Urusi na lile la Austria, ambako wakulima walinyongwa kwa kushukiwa tu kuwa wasaliti. Ukimsoma baada ya Kotsiubynskyi unaona mlima uleule ukiwa na mti wa kunyongea juu yake.

Kwa upande wa Poland, Stanisław Vincenz, aliyezaliwa mwaka 1888 na kulelewa na yaya wa Kihutsul, alianza kutoa mwaka 1936 utenzi wake mrefu wa nathari juu ya polonyna, ambamo Wahutsul, Wayahudi, Wapoland na Waarmenia wanaishi pamoja katika mabonde yaleyale. Ni kumbukumbu muhimu, hasa kwa habari za Wayahudi wa milima hiyo, ambao muda mfupi baadaye waliangamizwa na Wanazi.

Kitabu ambacho kingeweza kubadilisha mjadala wote kilikaa mafichoni kwa zaidi ya nusu karne. Petro Shekeryk-Donykiv, Mhutsul wa kijiji cha Holovy, aliyezaliwa mwaka 1889, alishiriki maigizo ya Khotkevych, akakusanya desturi za kwao, akawa mbunge katika bunge la Poland, na katika miaka ya 1930 akaandika kwa Kihutsul riwaya ya Babu Yvanchik, juu ya mzee wa kijiji mwenye elimu ya mambo ya siri. Wasovyeti walimkamata mwaka 1940 na hakurudi tena. Familia yake iliuficha muswada, na ulichapishwa Verkhovyna mwaka 2007. Humo imani na desturi zinaelezwa na mtu aliyezikuta nyumbani kwao, asiyehitaji kumshangaza msomaji, na lahaja yake ni nzito kiasi kwamba Mukraine wa Kyiv anahitaji faharasa ili aielewe.

Enzi ya Kisovyeti ilipenda ngoma na nguo za Wahutsul jukwaani, lakini iliwapeleka wengi wao Siberia kwa sababu vijiji vya milimani viliwasaidia wapiganaji wa msituni walioupinga utawala huo baada ya vita. Mwaka 1965 filamu ya Sergei Parajanov iliyotokana na kitabu cha Kotsiubynskyi ilionyeshwa Kyiv, ikiwa imepigwa milimani kwenyewe na kusemwa kwa Kihutsul, na mwelekezaji alikataa kuitafsiri kwa sauti ya Kirusi. Katika onyesho hilo la kwanza, mwezi Septemba, mhakiki Ivan Dziuba alisimama na kutangaza mbele ya watazamaji kwamba wasomi wa Kiukraine walikuwa wamekamatwa.

Juu ya uhamisho na mahojiano ya miaka ya baada ya vita, aliyeandika kwa uchungu mkubwa zaidi ni Maria Matios, mwanamke wa milima ya Bukovina aliyezaliwa Roztoky mwaka 1959. Riwaya yake ya Darusia Mtamu ilitoka mwaka 2004 na kumpatia Tuzo ya Shevchenko mwaka 2005. Darusia ni mwanamke bubu ambaye kijiji kinamwona punguani, na kichwa chake huuma kwa maumivu makali akiona peremende. Kisa kinasimuliwa kutoka mwisho kwenda mwanzo, hadi tunapofika utotoni mwake, pale ofisa wa usalama wa Kisovyeti alipompa peremende akamwuliza ni nani aliyetoa chakula kwa watu wa msituni, na mtoto akajibu ukweli alioujua kuhusu baba yake. Kijiji cha Matios kina desturi zote ambazo Kotsiubynskyi alizipenda: arusi, matanga, waganga, nyimbo. Ila hapa majirani wanaomwita Darusia mwendawazimu wanajua vizuri yaliyompata, na waliyanyamazia, kwa kuwa karibu kila nyumba ilikuwa na jambo lake la kunyamazia.